Majumba Makuu na Jasho la Watu: Kutoka Kenani Hadi Kilwa

Barabara itokayo Mansa, makao makuu ya Mkoa wa Luapula nchini Zambia, huelekea kaskazini ikifuata bonde la mto uliolipa jimbo hilo jina. Upande wa kushoto huonekana mabwawa na matete, na ng'ambo ya maji hayo ni nchi ya Kongo. Mwendo huo humfikisha msafiri Nchelenge, mji wa pwani ya Ziwa Mweru, ziwa lenye eneo la zaidi ya kilomita za mraba 5,000 lililogawanywa baina ya nchi hizo mbili. Wenyeji huishi kwa uvuvi na kilimo cha muhogo. Samaki wadogo waitwao chisense, ambao mtu wa Kigoma angewaita dagaa bila kusita, huanikwa juani ufukweni mpaka wakauke.

Katika wilaya hiyo hiyo ya Nchelenge kuna mahali paitwapo Kenani. Jina hilo lilianza kusikika mbali mwaka 2017, wakati mapigano katika majimbo ya Katanga ya Juu na Tanganyika nchini Kongo yalipowalazimisha raia kuyahama makwao. Serikali ya Zambia, ikisaidiwa na Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi, ilifungua hapo kituo cha kuwapokea. Kufikia mwanzo wa mwaka 2018 watu zaidi ya elfu kumi walikuwa wamekwisha kuvuka mpaka. Wengi wao walikuja na watoto, sufuria, magodoro, na lugha ya Kiswahili.

Mtu atafutaye jumba kuu la kutazama huko Kenani hatalipata. Atakuta maturubai yaliyowambwa juu ya miti, mabanda ya chakula, visima, na mistari ya watu. Hata hivyo, hapana shaka kwamba hapo ni mahali pazuri pa kuuliza swali ambalo wasafiri wanaokwenda kushangaa piramidi na makasri husahau kuliuliza: ni kitu gani hasa kinacholifanya jengo kuwa kuu? Je, ni urefu wake, ni ugumu wa mawe yake, ama ni watu walio nyuma yake?

MNARA ULIOANGUKA

Bonde la Luapula lina jibu lake la kale. Simulizi za Wabemba, ambao ni jirani wa watu wa Mweru, husema kwamba wahenga wao waliishi magharibi, katika nchi ya Waluba na Walunda, chini ya mfalme aliyeitwa Mukulumpe. Wana wa mfalme huyo, Chiti na Nkole, pamoja na vijana wenzao, walijenga mnara mrefu. Mnara ukaporomoka na kuua watu wengi. Mfalme akaghadhibika na kuwaadhibu wanawe kwa ukali, na mwishowe ndugu hao wakakimbia na wafuasi wao, wakauvuka Luapula na kuingia katika nchi ambayo leo ni Zambia.

Haifai kuichukua simulizi hiyo kama taarifa ya mhandisi. Lakini maana yake ni nzito. Taifa zima linaanza historia yake kwa jengo lililotukuza wachache na kuwaangukia wengi, kisha kwa safari ya wakimbizi kuvuka mto. Njia hiyo ya mashariki ndiyo iliyofuatwa na waliofika Kenani mwaka 2017.

MJI WA MWATA KAZEMBE

Kusini mwa Nchelenge, kando ya barabara hiyo ya Mansa, kuna mji wa Mwansabombwe, makao ya Mwata Kazembe, mfalme wa Walunda wa Mashariki. Walunda hao nao walitoka Kongo, kwa mfalme mkuu Mwata Yamvo, wakajenga dola yao bondeni katika karne ya 18. Dola hiyo ilitawala njia za biashara ya shaba, chumvi na pembe za ndovu baina ya pwani mbili za Afrika.

Mreno Francisco José de Lacerda e Almeida alifika huko mwaka 1798 akitafuta njia ya kuunganisha Msumbiji na Angola, akafia huko huko mwezi Oktoba. Mwenzake wa baadaye, António Gamitto, aliyefika pamoja na msafara wa mwaka 1831 na 1832, aliusifu mji wa Kazembe kwa ukubwa wake na njia zake pana zilizonyooka. Mwezi Novemba 1867 David Livingstone naye aliingia humo. Alikuta ua mkubwa uliozungushiwa uzio wa matete marefu, na ndani yake nyumba kubwa ya mfalme ikizungukwa na vibanda vya watumishi. Lango lilipambwa kwa mafuvu ya vichwa vya watu. Humo pia alimkuta mfanyabiashara Muhammad bin Saleh, aliyekuwa amekaa hapo miaka mingi. Kwa hiyo Kiswahili hakikuwa mgeni katika bonde hilo hata zama hizo.

Msomaji angependa kujua ziko wapi leo kuta za miji hiyo. Jibu ni kwamba hazipo, wala hazikukusudiwa kudumu. Kwa desturi ya Walunda, Mwata mpya alipotawazwa alijenga makao mapya. Mji mzima ulihama, ukaanzwa upya kwa miti, nyasi na matete. Kwa mgeni aliyezoea mawe, hilo lilionekana kuwa ni udhaifu. Kwa wenyewe, lilikuwa ni kiapo. Kila kizazi kiliitwa kukata miti, kuezeka na kuzungushia uzio, na kwa kazi hiyo kila mtu alikiri kwamba bado yu chini ya Mwata. Mtawala ambaye watu wamemkataa hangepata hata fito za ua.

Ulimwengu wa mafuvu langoni, bila shaka, haukuwa wa haki tupu. Jengo kuu mara nyingi husema maneno mawili kwa wakati mmoja: “Karibu,” na “Ogopa.” Ni vema kuyasikia yote mawili.

Mwezi Oktoba 1899 kikosi cha Waingereza kiliushambulia mji wa Kazembe na kuuteketeza kwa moto. Mwata Kanyembo Ntemena alikimbilia kwa wamisionari wa Mambilima, na baada ya muda mfupi akaruhusiwa kurejea. Mji ukajengwa tena hapo Mwansabombwe, na upo hadi sasa. Kila mwaka mwishoni mwa mwezi Julai hufanyika sherehe ya Mutomboko, ambapo Mwata hucheza ngoma ya ushindi mbele ya maelfu ya watu. Waliochoma moto waliunguza nyasi. Ufalme wenyewe, uliokaa katika kumbukumbu na utii wa watu, haukuungua.

KILWA MBILI

Ndani ya Ziwa Mweru, upande wa Kongo lakini chini ya bendera ya Zambia, kuna kisiwa kiitwacho Kilwa, na mkabala wake katika ufuko wa Kongo kuna mji wa jina hilo hilo. Mtanzania asikiapo jina hilo fikira zake hurudi mara moja Lindi, kwenye Kilwa Kisiwani. Kufanana kwa majina si ushahidi wa undugu, lakini kunatoa nafasi ya kulinganisha.

Kilwa ya pwani ilijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa. Mwanzoni mwa karne ya 14 Sultani al-Hasan bin Sulaiman alijenga Husuni Kubwa juu ya mwamba unaotazama bahari. Jumba hilo lilikuwa na vyumba zaidi ya mia, nyua, maghala ya bidhaa na birika la pembe nane. Ibn Battuta, msafiri kutoka Morocco, aliutembelea mji huo mwaka 1331 akausifia. Katika zama hizo hizo Msikiti Mkuu wa Kilwa, ulioanzishwa karne kadhaa kabla yake, ulipanuliwa na kuezekwa kwa makuba.

Tazama basi yaliyofuata. Husuni Kubwa, fahari ya mtu mmoja na ukoo wake, haikukamilika, na iliachwa baada ya muda usio mrefu. Msikiti, uliokuwa wa wote, ulipoharibika ulikarabatiwa, nao uliendelea kutumika vizazi na vizazi baada ya kasri kugeuka gofu. Mawe yalikuwa ni yale yale, chokaa ilikuwa ni ile ile. Kilichotofautiana ni idadi ya watu waliokuwa na sababu ya kubeba ndoo ya chokaa na kwenda kuziba ufa.

NANI ALILIPA?

Kuna jambo jingine linaloiunganisha pwani na Mweru, nalo halipendezi. Katikati ya karne ya 19 misafara ya Unguja iliingia hadi katika nchi zilizo kati ya Ziwa Tanganyika na Ziwa Mweru. Mwaka 1867 habari zilikuwa zimeenea kwamba Hamed bin Muhammed, maarufu kwa jina la Tippu Tip, amempiga vita Nsama, mtawala wa Itabwa, na kutwaa pembe nyingi za ndovu. Pembe hizo zilibebwa kwa mabega ya binadamu hadi pwani, na watumwa walikuwa sehemu ya biashara hiyo hiyo. Nyumba ya Tippu Tip ingali Mji Mkongwe, na wageni huonyeshwa mlango wake wa nakshi. Ni halali kuusifu ufundi wa aliyechonga. Ila asifuye akumbuke kwamba sehemu ya gharama ililipwa na kijiji kilicho mbali ambacho hakikuandikwa popote ukutani.

Swali la “nani alijenga” limezua hata uongo mkubwa. Kuta za Zimbabwe Kuu, zilizojengwa kuanzia karne ya 11 hadi ya 15 kwa mawe yaliyopangwa bila chokaa, zinafikia urefu wa mita 11. Wakoloni walishikilia kuwa Mwafrika hakuweza kujenga kitu kama hicho, wakawataja Wafoinike na watu wa Malkia wa Sheba. Mwaka 1905 mtaalamu David Randall-MacIver, na mwaka 1929 mwenzake Gertrude Caton-Thompson, walichimba na kuthibitisha kuwa wajenzi walikuwa ni Waafrika wa hapo hapo. Hata hivyo serikali ya walowezi haikufurahia ukweli huo. Nchi ilipopata uhuru mwaka 1980 ilijiita Zimbabwe, yaani ilichukua jina lake kutoka katika kuta hizo. Ndiyo kusema kwamba kumnyang'anya mtu jengo lake ni kumnyang'anya ushahidi kwamba aliwahi kuwa mtu mzima katika nchi yake.

Hata piramidi kuu ya Misri, ile ya Farao Khufu, iliyojengwa zaidi ya miaka 4,500 iliyopita kwa vipande vya mawe takriban milioni 2.3, imesomwa upya. Ilipokamilika ilikuwa na urefu wa mita 146 hivi. Kwa muda mrefu watu waliamini kuwa ilijengwa na watumwa chini ya mijeledi. Tangu miaka ya 1990 wachimbaji wamefukua makaburi ya wafanyakazi, pamoja na viwanda vya mikate vilivyowalisha. Mifupa inaonyesha watu waliovunjika mikono na miguu kazini, wakafungwa na kutibiwa mpaka wakaunga. Kazi ilikuwa ngumu ya kuumiza, lakini waliofanya hivyo walizikwa kwa heshima karibu na mfalme wao.

NGOME NA MLINZI WAKE

Askari na familia zao wana haki ya kuuliza habari za ngome. Ngome Yesu ya Mombasa ilianzwa na Wareno mwaka 1593, ikachorwa na Mwitalia Giovanni Battista Cairati kwa ustadi ambao hata leo wanafunzi wa kijeshi huusoma. Kuta zake ni nene, na pembe zake zilipangwa ili kila upande ulindwe na upande mwingine. Mwezi Machi 1696 jeshi la Oman na washirika wake wa pwani liliizingira. Mazingira hayo yalidumu karibu miezi 33. Mwezi Desemba 1698 ngome iliposhindwa, kuta zilikuwa zingali zimesimama. Waliokuwa wamekwisha ni watu. Njaa na maradhi yalikuwa yamewamaliza walinzi, wakabaki wachache sana.

Kwa mtu wa ulinzi fundisho ni wazi. Ukuta humsaidia mlinzi kwa muda, wala hauwezi kushika zamu badala yake. Hali kadhalika ukuta hausemi unamlinda nani. Lango la ngome na lango la kituo kama Kenani yanafanana kwa kitu kimoja: anayesimama hapo ndiye anayeamua kama mwanamke mwenye mtoto mgongoni ataliona lango hilo kuwa ni hifadhi au ni kitisho. Tanzania inalijua jambo hili vizuri, kwa maana kambi ya Nyarugusu, mkoani Kigoma, ilifunguliwa mwaka 1996 kuwapokea Wakongo, na vijana wengi wa polisi wamepata kufanya kazi katika mkoa huo.

UDONGO NA NYASI

Yapo majengo makuu duniani ambayo yametengenezwa kwa vitu dhaifu vile vile vilivyopatikana Kenani. Msikiti Mkuu wa Djenné, nchini Mali, umejengwa kwa udongo mtupu. Jengo lililopo lilikamilika mwaka 1907. Kila mwaka wakazi wa mji hujitokeza kwa siku maalumu kuukandika upya: wanawake huteka maji, vijana hupanda kuta na matope, wazee wa waashi husimamia. Wasingefanya hivyo, mvua za misimu michache zingeuangusha.

Huko Kasubi, jijini Kampala, nyumba kuu ya Muzibu Azaala Mpanga ilijengwa mwaka 1882 kuwa kasri la Kabaka Mutesa wa Kwanza, na mwaka 1884 ikawa kaburi lake. Makabaka wanne wamezikwa humo. Kazi ya kuezeka ni ya ukoo wa Ngeye, na pete 52 za ndani ya paa huwakilisha koo 52 za Buganda. Tarehe 16 Machi 2010 moto uliiteketeza. Watu walilia hadharani, kisha mafundi wakarudi kwenye nyasi na fito, wakiwafundisha vijana wasiojua. Mwaka 2023 Umoja wa Mataifa uliiondoa Kasubi katika orodha ya urithi wa dunia ulio hatarini.

Nchini Japani, hekalu kuu la Ise hubomolewa na kujengwa upya kila baada ya miaka 20. Mwaka 2013 lilijengwa kwa mara ya 62. Mbao zake ni mpya na umri wake ni mkubwa, kwa sababu kinachorithishwa pale ni ujuzi wa mikono. Desturi hiyo haiko mbali na ile ya Mwata aliyehamisha mji.

Kinyume chake, Beit al-Ajaib ya Unguja, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883 kwa mawe na nguzo za chuma, iliporomoka kwa sehemu tarehe 25 Desemba 2020 wakati ikikarabatiwa, na mafundi wawili walipoteza maisha. Wahenga walinena: usipoziba ufa, utajenga ukuta. Jiwe nalo huhitaji watu.

VIWANJA VYA MANTAPALA

Kenani kilikuwa kituo cha kupokelea tu. Mwanzoni mwa mwaka 2018 serikali ya Zambia ilifungua makazi ya Mantapala, katika wilaya hiyo hiyo, ambako familia zilipewa ardhi ya kujenga na kulima jirani na wenyeji.

Katika sehemu hizo matofali hufyatuliwa kwa udongo, na ule wa kichuguu husifiwa kwa kushikamana vizuri. Mafundi wanaojua kazi yao huinua msingi juu ya usawa wa ardhi, hutoa paa nje ya ukuta ili maji ya mvua yasidondokee chini ya tofali, na hukandika nyufa kabla ya masika kuanza. Maarifa hayo hayapiti mpakani kwa kibali. Mtu huvuka nayo kichwani, hata kama mikono yake ni mitupu. Mama anayemfundisha binti yake kukandika ukuta wa chumba kimoja anafanya kazi ile ile ya wanawake wa Djenné, na baba anayewaonyesha wanawe namna ya kufunga fito anafanya kazi ya ukoo wa Ngeye.

Ikumbukwe pia kwamba mgeni akitandika msingi pasipo ridhaa ya mwenyeji, nyumba hiyo haitakuwa na amani. Ardhi ni ya watu wenye machifu wao, mashamba yao na makaburi yao. Shule na zahanati wanazotumia wenyeji na wageni kwa pamoja ndizo majengo ambayo pande zote mbili zitakuwa na sababu ya kuyatunza, kama msikiti wa Kilwa ulivyotunzwa.

Kwa wasomaji wa nyumbani, jukumu ni dogo lakini ni la kila siku. Familia inayotembelea Kilwa Kisiwani, Bagamoyo au Mji Mkongwe isichonge majina ukutani, isichukue jiwe la gofu kuwa ukumbusho, na iwaache wazee wa mahali hapo waeleze habari kwa maneno yao. Watoto waulizwe maswali matatu mbele ya kila jengo kubwa: nani alilijenga, nani alilipa, na nani analitunza sasa. Mtoto atakayezoea kuuliza hivyo akiwa mbele ya ngome, siku atakapoliona turubai lililowambwa kwa uangalifu juu ya miti minne atajua kwamba nalo lina mjenzi, na kwamba mjenzi huyo anastahili kusalimiwa kwa heshima.